Tundu Kwenye Koti la Bwana Ochieng

Bwana asifiwe! Nyinyi wa pale mlangoni, mbona mnaitikia kama watu ambao hawajanywa chai? Asifiwe tena! Sasa hiyo ndiyo amina.

Ndugu zangu, mnanijua, mimi ni Owiti, fundi wa baiskeli hapa Manyatta. Lakini wengi hamjui kwamba miaka ya themanini ikielekea kuisha nilikuwa dereva. Tena si dereva wa mchezo! Nilikuwa naendesha pikapu ya omena, dagaa wetu wa ziwani, kutoka Kendu Bay mpaka Kisumu, sigara mdomoni, kelele nyingi, na hakuna mtu angenipita barabarani nikanyamaza. Breki niliona ni za waoga. Chekeni tu, ndiko Bwana alikonitoa!

Siku moja pale Katito nikampakia abiria mmoja, Bwana Ochieng, mwashi aliyekuwa akienda kazini mjini. Nikamkalisha mbele, kando yangu. Mvua ikaanza. Dirisha la upande wangu halikuwa na kioo, maji yakawa yananipiga. Yule mtu mwema akavua koti lake la kahawia, akanifunika magoti. Na mimi, yawa, na sigara yangu! Jivu la moto likaanguka, likachoma tundu kwenye mkono wa koti. Nikajua sasa natukanwa. Akacheka tu, akasema, "Dereva, mimi niliokoka nikaacha sigara. Sasa mke wangu, Mama Akinyi, akiona hili tundu nitamwambia nini?"

Hakupata nafasi ya kumwambia. Kabla ya kufika Ahero nilitaka kulipita lori kwenye kona, gari likateleza, likapinduka. Mimi nilitoka na michubuko. Bwana Ochieng alifia pale pale. Ndugu zangu, haraka yangu ndiyo iliyomuua. Nalisema wazi, sina pa kujificha.

Mwenye gari akafika mbio kabla ya polisi. Akanifundisha la kusema: marehemu alidandia nyuma bila ruhusa, akaruka mwenyewe gari likiwa mwendoni. Hapo mjane hataambulia kitu, na mimi nitaendelea kuwa na kazi. Nikakubali! Nikawaambia polisi hivyo, na Mama Akinyi alipoenda kortini kudai fidia, nikaitwa niseme yale yale. Nilikuwa nimeukariri ule uongo vizuri kuliko sala. Lakini miaka miwili ile ya kungoja kesi sikuwa mtu. Chakula kilikuwa hakishuki. Nikipita Katito naangalia upande mwingine. Na nilisikia watoto wake wamerudishwa nyumbani kwa kukosa karo.

Siku ya kesi nikasimama, Biblia mkononi. Nikainua macho. Ndugu zangu! Mama Akinyi alikuwa ameketi benchi ya mbele, na amevaa lile koti. Mnajua kwetu mjane huvaa nguo ya mumewe akiomboleza, na mama huyu alikuwa hajalivua. Polisi walikuwa wamemrudishia pamoja na vitu vingine vya marehemu. Sikuwa nimeokoka, sikujua kuomba. Nilisema tu moyoni, "Nyasaye, kama upo, nishike mdomo."

Akaushika! Nilifungua kinywa nikiwa na uongo tayari, ukatoka ukweli wote. Nikasema, "Mheshimiwa, huyo mtu alikaa mbele na mimi. Koti lililovaliwa na mama huyu lilikuwa magotini mwangu. Angalieni mkono wa kushoto, kuna tundu. Ni la sigara yangu."

Wakili wa mwenye gari akaangusha kalamu. Hakimu akamwita mama mbele, akaangalia. Tundu hilo hapo!

Basi nikadhani mama atanirukia. Wapi! Akasahau yuko kortini, akanishika shati, akauliza, "Kwa hivyo hakurudia sigara?" Nikamwambia, "Hakurudia, Mama. Ilikuwa yangu." Kumbe miaka miwili alikuwa analivaa lile koti akiamini mumewe alimdanganya yeye na kumdanganya Mungu. Alilia, akacheka, akapiga vigelegele mpaka askari akamwomba anyamaze. Hakimu mwenyewe aliinamia karatasi zake ili tusimwone akitabasamu.

Fidia ililipwa. Watoto walirudi shule, na Akinyi ndiye huyo anayewafundisha wenu kila Jumapili. Mimi nilifutwa kazi pale pale mlango wa korti. Kisha nikashtakiwa kwa uendeshaji wangu, nikafungwa miezi sita, na huko ndani ndiko nilikompokea Yesu. Nilitoka bila leseni, bila sigara, na bila ule uongo. Nikala ugali sahani mbili, haleluya! Na aliyenipikia ni huyo mama.

Ninakushukuru Bwana! Na wewe uliyekaa hapo na uongo wako uliokariri vizuri, usiogope. Mwamini Yesu, uutoe. Huenda kuna mtu anaumia mahali kwa kungoja neno lako moja tu.

Nilitaka kulipeleka lile koti kwa fundi lishonwe. Mama alikataa katakata, akasema hilo tundu lisiguswe na mtu. Mama Akinyi, najua umelivaa leo, kulikuwa na mvua. Simama. Inua mkono wa kushoto, waone.