Ratili, Mbunge Aliyelala Ng'ambo ya Mpaka

Jumanne, tarehe 11 Machi 2025, saa nne na dakika kumi asubuhi, marehemu alifikishwa hospitali, akashuka garini na kutembea mwenyewe hadi kitandani. Saa tano daktari alimpima na kuiambia familia kwamba moyo umechoka. Saa saba mchana mkewe alitoka kununua maji, kwa kuwa mgonjwa alitaka ya baridi. Aliporudi alimkuta akimwuliza muuguzi kama mizani ya wodi ile ilikwisha kukaguliwa mwaka huo. Muuguzi alicheka kwa upole, akadhani mzee anaweweseka. Hakuwa akiweweseka. Saa nane na robo alifariki dunia, mkono wake ukiwa ndani ya mikono ya mkewe, na chupa ya maji ikiwa haijafunguliwa.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Agosti 1951, mtoto wa nne kati ya sita wa mlinzi wa ghala la nafaka na mshona magunia. Mama yake alizoea kusema kwamba mtoto huyu alijua kulia kwa ajili ya haki kabla hajajua kuhesabu: ukimpa dada yake kipande kikubwa cha muhogo, yeye hakukitaka kile kikubwa, alitaka vyote viwili vikatwe upya.

Alianza darasa la kwanza mwaka 1959 na kumaliza sekondari mwaka 1970. Baadaye alijiunga na chuo cha ufundi, akasomea vipimo na mizani, na mwaka 1973 akaajiriwa kuwa mkaguzi wa mizani. Kwa miaka ishirini na minane alizunguka sokoni, maghalani na machinjioni akiwa na mkoba wa mawe ya shaba ya kupimia uzito, yaliyofungwa kwa kitambaa laini kama watoto wachanga. Wachuuzi ndio waliompachika jina la Ratili, kile kipimo cha zamani cha uzito. Wauza nyama walimwona akiwa bado mbali, wakaambizana, "Ratili huyo! Ondoeni vidole kwenye sahani!" Alilisikia jina hilo kila siku na hakulikataa, na ndilo watu wengi waliofika leo mazishini wanalolijua.

Kazi hiyohiyo ndiyo iliyompa mke. Mwaka 1977 aliingia duka la vitambaa, akaipima fimbo ya mita ya mwenye duka, akaikuta imepungua upana wa kidole. Aliandika faini bila kupepesa macho, huku binti wa mwenye duka akimtazama kutoka nyuma ya majora. Miezi michache baadaye alirudi na wazee wake kuposa. Baba mkwe alimkazia macho, akasema, "Wewe bwana, umenipunguzia fedha kwa sababu ya mita, leo unataka nikuongezee binti?" Marehemu akajibu, "Mzee, binti nimemwona hana upungufu." Kicheko kilichofuata ndicho kilichomaliza mazungumzo ya mahari. Walifunga ndoa tarehe 10 Juni 1978, wakajaliwa watoto watatu, na mke akairithi biashara ya vitambaa ambayo anaiendesha hadi leo.

Mwaka 2001 marehemu aliacha ukaguzi na kuchaguliwa kuwa mbunge. Jimbo lake lilikuwa na watu zaidi ya laki mbili na elfu thelathini, kuanzia mitaa ya maduka upande wa mashariki hadi nyumba za wafanyakazi wa viwandani upande wa magharibi. Jimbo la jirani halikufika watu elfu sitini, nalo lilikuwa na mbunge mmoja vilevile. Jambo hilo lilimkosesha usingizi. Alisimama bungeni mara kwa mara kueleza kwamba kura ya mtu wake mmoja ilikuwa na uzito wa robo ya kura ya mtu wa jirani, na kwamba mizani ya namna hiyo, ingekuwa sokoni, ingefungwa siku hiyohiyo. Aliomba jimbo lake likatwe vipande viwili.

Mkewe hakulielewa ombi hilo, na hakuona haya kusema. "Baba watoto," alimwambia, "sijaona mtu anayekata shuka lake mwenyewe ili jirani apate usingizi."

"Si shuka langu, mama watoto. Nimeazimwa."

"Na likishakatwa, wewe utalala na kipande gani?"

Hilo ni swali ambalo halikupata jibu jepesi maisha yao yote.

Tume ya Mipaka ilifika mwaka 2009 kusikiliza maoni katika ukumbi wa shule. Marehemu alitarajia shangwe, akakutana na hofu. Watu wa upande wa magharibi walikuwa wamemzoea, nao waliona kukatwa ni kutupwa. Mpishi mmoja wa kiwandani alisimama, akafuta mikono kwenye kanga yake kana kwamba ametoka jikoni dakika ile, akasema, "Mheshimiwa, wenye maduka mtabaki upande wenu na barabara zenu. Sisi mnatuachia moshi. Nani atatusemea?" Ukumbi ukavuma. Mwenyekiti wa Tume aligonga meza bila mafanikio. Hapo marehemu alisimama na kutamka maneno ambayo mkewe, aliyeketi safu ya tatu, aliyasikia kama watu wengine wote: "Mkikatwa, nakwenda nanyi."

Walipotoka nje mkewe alimwuliza, "Unakwenda nao wapi?" Akajibu, "Ni usemi tu." Kwa kuwa alipendekeza reli iwe mpaka, na nyumba yao ilikuwa magharibi ya reli, aliamini kwamba hatasogea hata hatua moja.

Lakini Tume ilitakiwa kusawazisha idadi ya watu, na reli haikusawazisha. Tangazo lilipotoka mwaka 2010, mstari uliiacha reli nyuma ya shule, ukazunguka soko, ukashuka na barabara iliyo mbele ya duka la vitambaa. Nyumba ya marehemu iliangukia jimbo la mashariki. Watu aliowaahidi waliangukia la magharibi. Sheria ya wakati ule ilimtaka mgombea awe mpiga kura wa jimbo analoliomba, na mpiga kura awe mkazi wake. Wapinzani nao walikuwa na macho. Walitaka kuiona taa ya chumba chake ikiwaka. Mkewe hakuweza kuhama, kwa sababu ya duka na kwa sababu ya mama yake mzazi, ambaye alikuwa hainuki kitandani. Hivyo Januari 2011 marehemu alipanga chumba kimoja kwenye nyumba za wafanyakazi, akachukua godoro, kiti na mkoba wake wa mawe. Mchana alikuja nyumbani kula. Jua likielekea kuzama, alivaa viatu na kuondoka.

Majirani wana masikio na wana ndimi. Kabla ya mwezi kwisha alikuwa amekwisha kuitwa "mume wa mchana". Habari zilipomfikia dada yake mkubwa zilikuwa zimeota mikia, naye, pamoja na mjomba wa mke, akaitisha kikao cha usuluhishi katika sebule ya wanandoa.

"Mdogo wangu," dada alianza, "tumekuja kama wazazi. Nani kamkosea mwenzake?"

"Hakuna aliyekosa, dada. Ni Tume imehamisha mpaka."

Alitandaza ramani mezani na kuanza kuonyesha reli, shule na soko. Mjomba aliisukuma kwa ncha ya bakora yake. "Bwana, sisi tumekuja kusuluhisha ndoa, wewe unatufundisha jiografia."

"Mjomba, nalala kule kwa sababu ya sheria."

"Nimeona sheria za kila namna katika umri wangu. Inayomtoa mume kitandani kwake sijaiona."

"Ni kweli hatujagombana, mjomba," mke alisema.

"Masikini wifi yangu," dada alinong'ona kwa sauti iliyofika hadi jikoni, "ana staha. Anamfichia aibu."

Kadiri walivyokana ndivyo wazee walivyozidi kusadiki. Hatimaye marehemu, akiwa amechelewa mkutano wa kampeni, aliinamisha kichwa, akasema, "Basi. Nimekosa. Naomba radhi." Wazee walifurahi, wakamtoza faini ya doti moja ya kitambaa kwa mkewe, ambayo aliinunua dukani kwa mkewe mwenyewe, kwa bei kamili. Watu walicheka kwa wiki nzima.

Mkewe alicheka pia, kisha akaacha. Usiku aliukumbuka uso wa mumewe alipokuwa akiomba radhi, na alivyouona, haukuwa uso wa mtu anayetania. Alimjua mumewe kuwa mtu asiyeweka neno kwenye sahani bila kulipima. Alijiuliza: mtu huomba radhi kwa kosa gani, kama kosa halipo? Tangu siku hiyo hakuwa na hakika tena kama waligombana au hawakugombana. Akimwuliza, aliambiwa asubiri uchaguzi upite.

Uchaguzi ulifanyika Agosti 2011. Mke hakuweza kumpigia mumewe kura, kwa kuwa yeye aliandikishwa mashariki. Marehemu alishindwa na kijana fundi mitambo, mzaliwa wa nyumba zile za wafanyakazi. Mpishi wa kiwandani alikuja mwenyewe kumweleza, kwa heshima zote: "Baba, usituone wabaya. Uliposema kura zetu zipate uzito wake, tulikusikia. Tumeupima uzito, tumempa mtoto wetu." Marehemu alimshukuru. Wanaomkumbuka siku hiyo wanasema alikuwa kama mtu aliyefurahi na kuumia kwa wakati mmoja, wala hakujua aanze na lipi.

Jioni ile mkewe aliandaa meza ya watu wawili. Hakuja. Mchana uliofuata alikuja kula kama kawaida, na jua lilipoelekea kuzama akavaa viatu.

"Unakwenda wapi tena? Si umeshindwa?"

"Niliwaambia nitakwenda nao. Sikuwaambia nitakwenda nao nikishinda."

"Na mimi uliniambia nini?"

Alifunga kamba za kiatu cha pili polepole, akaondoka. Ikawa hivyo kwa miezi mitano. Sababu mkewe hakuielewa wakati ule, na wasifu huu hautajifanya unaielewa. Wako wanaosema ilikuwa aibu ya kushindwa, na wako wanaosema ilikuwa uaminifu. Dada yake, kwa upande wake, alisema kikao kile hakikutosha, kiitishwe kingine.

Tarehe 14 Januari 2012 mke alifunga duka mchana, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akavuka barabara na kwenda kwenye chumba kile kwa mara ya kwanza. Alikuta watu wanane wamekaa kwenye ngazi. Mbunge mpya alikuwa hajafungua ofisi, nao waliendelea kumletea Ratili shida zao za maji, karo na vibali. Mwanamke mmoja alimpisha njia, akamwuliza kwa nia njema, "Wewe ndiye mke wa mzee? Sisi tulidhani mzee amefiwa na mke." Kauli hiyo ilimchoma kuliko matusi. Aliingia ndani, akaona godoro, kiti na mkoba wa mawe, wala hapakuwa na kitu kingine cha kuona. Kama alikuja kutafuta mwanamke mwingine, hakumpata. Kama alikuja kutafuta kosa, hakujua kama amelipata.

Alisimama mlangoni, akasema mbele ya wote: "Baba watoto, hawa wana mbunge wao. Walipiga foleni, wakamchagua. Ile nyumba yako ndiyo haina mtu wa kuisemea."

Marehemu alitazama watu wa kwenye ngazi, akamtazama mkewe. "Hilo ni kweli," alisema. Aliwaelekeza wale watu nyumbani kwa fundi mitambo, na kabla jua halijazama alikuwa amevuka barabara, godoro likiwa begani. Hakulala tena nje ya nyumba yake hadi siku alipopelekwa hospitali.

Miaka iliyofuata aliitumia katika duka, akipima vitambaa kwa ukarimu ambao mkewe aliukemea mara nyingi. Alianza kuugua moyo mwaka 2022, akatibiwa kwa uvumilivu, wala hakulalamika isipokuwa kuhusu chumvi.

Ameacha mjane, watoto watatu, wajukuu watano na dada yake mkubwa, ambaye yupo nasi hapa na bado anaamini kwamba kikao chake ndicho kilichoiokoa ndoa. Familia inawashukuru watu wa majimbo yote mawili kwa kuja kumzika bila kuulizana nani ni wa upande gani. Mola ampumzishe mahali ambapo hatahitaji kupima kitu.

Mjane ameomba jambo moja lisomwe mwisho, kwa kuwa hadi leo hana hakika kama mumewe alirudi kwake kamili au kipande tu. Mwaka mmoja baada ya marehemu kurudi nyumbani, Januari 2013, kiti cha ubunge cha jimbo la mashariki kilibaki wazi, na wazee wa mtaa walimwomba ahamishe jina lake ili akigombee akiwa kitandani kwake mwenyewe. Alikataa, akasema jina lake limekaa kwa wale aliowaahidi. Siku ya uchaguzi huo mdogo alimsindikiza mkewe hadi kituoni, na kwa kuwa hakuwa mpiga kura wa pale, alimngoja nje ya lango kwa muda wa saa mbili na nusu, juani, akiwa ameushika mkoba wa mkewe.