Mengia Cavegn, Aliyerudisha Majina ya Vilele Viwili

Bi. Mengia Cavegn alizaliwa tarehe 14 Februari 1938 katika kijiji cha Valsutga, jimbo la Graubünden, nchini Uswisi, akiwa mtoto wa tatu wa mzee Giachen, mchunga ng'ombe, na mkewe Barla.

Alisoma hapa hapa kijijini, majira ya baridi tu, maana kiangazi watoto wote walikuwa malishoni. Siku moja mwalimu aliuliza theluji ya mlima wetu ikiyeyuka huenda wapi. Mengia akajibu, "Inategemea imeangukia upande gani, mwalimu. Ya huku inashuka na mito hadi kwa Waholanzi, ya kule kwa Waitaliano." Alipewa alama zote.

Tangu mwaka 1956 alitengeneza jibini malishoni na kuongoza wageni mlimani. Mnamo Julai 1964 ililetwa ramani mpya, na majina ya vilele vyetu viwili yamebadilishana: Sulegl, kilele cha jua, kimeitwa Umbriva, na Umbriva, kilele cha kivuli, kimeitwa Sulegl. Watu walicheka tu. Mwezi uliofuata ndugu wawili kutoka Basel waliaga kwamba wanapanda Sulegl, ukungu ukashuka, wasirudi. Wanaume wakajipanga kwenda Sulegl.

"Hawako huko," Mengia alisema.

"Mwanangu, wametamka wenyewe," mzee Giachen akamjibu.

"Wametamka Sulegl ya kwenye karatasi, baba. Wako Umbriva."

Alibeba kamba akatangulia, wengine wakamfuata wakinung'unika. Kabla ya magharibi waliwakuta ukingoni mwa barafu, mmoja kavunjika kifundo cha mguu, wote wawili hai.

Baada ya hapo aliwaandikia wachora ramani barua nne, asijibiwe. Ya tano ndiyo iliyomleta mpimaji kijana, Luregn Darms. Mengia alimpandisha vilele vyote viwili.

"Dada, tusimame kidogo nikague vipimo."

"Umeshavikagua mara tatu, kaka. Sema miguu imechoka."

Saa nne asubuhi walikuwa juu ya Umbriva, kivulini, wakitetemeka, huku Sulegl ng'ambo inawaka jua. Luregn alitoa kalamu nyekundu akasahihisha ramani papo hapo. Alirudi mara sita zaidi "kuhakikisha", ingawa milima haikuwa imehama. Walifunga ndoa tarehe 8 Oktoba 1966, wakajaliwa Onna na Flurin.

Mwaka 2019 moyo ulianza kumsumbua, na daktari akamkataza kupanda. Alihamishia kitanda dirishani. Jioni ya mwisho Luregn alimwinamia, akamuuliza anataka nini.

"Sogeza kichwa, mzee. Unanizibia mlima."

Luregn akasogea, akakaa kando yake, wakautazama pamoja mpaka usingizi ukamchukua. Alfajiri ya tarehe 9 Juni 2021 alituaga, akiwa na miaka 83.

Ameacha mume, watoto wawili, wajukuu watano na dada yake, Bi. Turtè. Aliagiza kwamba baada ya maziko kuwe na jibini, mvinyo na kinanda, na asiondoke mtu na njaa.

Pumzika salama, Mengia wetu.