Ndege Alilia Mara Mia

Kijiwe chetu ni ubao juu ya madebe mawili, nje ya karakana ya mwisho ya wafua bati, na anayetumiminia kahawa ni Mama Birika, mjane wa fundi mwenzetu. Mji wetu ni wa vyama vya kazi, na mtu hahesabiwi kwa kichwa chake. Kila baada ya miaka saba karani wa sensa hupita na ndege begani. Ndege akipita mlango wenye fundi ndani, analia mara moja. Karani anaangalia nyundo iliyotundikwa mlangoni, anaandika. Chama kikifika watu mia kinabaki na mtaa wake. Juzi sisi tumetoka tisini na tisa, na keshokutwa wapuliza vioo wanahamia humu, tupende tusipende. Asubuhi ile nilifika kijiweni nimefura.

Kifuniko, ambaye tangu ujana wake hajatengeneza kitu zaidi ya vifuniko, alikuwa keshaanza.

KIFUNIKO: Yule ndege kalishwa mtama na wapuliza vioo. Nimeona kifua kimemvimba.

PROFESA: Mtama wapi. Yule si ndege hata kidogo. Ni mpuliza vioo kageuzwa.

Profesa alikaa miezi miwili kwa makarani wakamtimua, ndiyo elimu yake yote.

KIFUNIKO: Ndiyo maana wahenga wakasema, asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu.

MIMI: Hiyo inamhusu vipi ndege?

KIFUNIKO: Kwani yeye hana mama?

PROFESA: Nyie mnahangaika na ndege. Sensa yenyewe haipo. Lile daftari ni tupu, wanapita kukagua milango yenye kitasa kibovu. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

KIFUNIKO: Mimi nahisi kuna mwenzetu kameza nyundo yake makusudi.

PROFESA: Nani wa kumeza nyundo?

KIFUNIKO: Mwenye tumbo anajijua.

Wakacheka. Watu wanafukuzwa keshokutwa na watoto wao, wao wanacheka. Uzalendo ukanishinda.

MIMI: Ndege alilia mara mia. Nilimfuata karani mtaa mzima, kila akilia napiga fundo kwenye kamba. Kamba hii hapa, hesabuni. Mzee Lehemu, ulikuwa naye bega kwa bega. Sema.

Mzee Lehemu ndiye mkuu wa chama chetu. Alipuliza kahawa ambayo ilikwishapoa zamani.

LEHEMU: Alilia kwenye mlango usio na nyundo. Karani akaniuliza, hapa kuna mtu wenu? Nikamwambia hapana mtu.

MIMI: Mlango wa nani?

LEHEMU: Usinichezee, mwanangu. Unaujua.

Tulikuwa tunaujua wote. Kwetu fundi akifa anazikwa na nyundo yake, na mlango unabaki na msumari mtupu. Mume wa Mama Birika alipofuka miaka minne kabla ya kufa, na miaka yote hiyo nyundo ililia mle ndani mchana kutwa. Kipofu hakunji bati. Alipozikwa, mkewe akaomba apewe nyundo yake mwenyewe, mara tatu. Mara tatu Lehemu akamjibu subira yavuta heri. Siku hizi Mama Birika anafua bati kwa jiwe la mto alilolifunga mpini.

MIMI: Ungemwandika tungekuwa mia. Umeuuza mtaa kwa ajili ya msumari.

LEHEMU: Sheria ni msumeno. Asiye na nyundo si fundi. Na sheria hiyo hiyo inasema anayepiga mhuri wake kwenye kazi ya mwenzake ananyang'anywa nyundo. Niendelee?

Mama Birika alinijazia kikombe bila kuniangalia.

Hapo ndipo karani akatokea, ndege begani, daftari kwapani. Akasalimia, akakaa, akasema anafunga hesabu za mtaa leo, mwenye neno aseme. Mama Birika akampa kahawa. Karani hakuinywa. Alikuwa anaangalia birika: mdomo ule mwembamba, kiungo ambacho huoni kilipoanzia.

KARANI: Nimepita karakana zenu zote, sijaona kazi kama hii. Birika hili kalitengeneza nani?

Profesa, mwenye jibu la kila kitu, akakohoa. Lehemu akanitazama mimi.

Karani akaliinua, akasoma mhuri chini yake, akanigeukia. Ulikuwa mhuri wangu. Nilimpigia mwenyewe, ili lipate kuuzwa, nikamwambia namsaidia. Mwaka ule nilipiga mengine kumi na moja, nikasifiwa sokoni.

KARANI: Basi ni lako?

Neno moja tu lilitakiwa: hapana. Ningelisema, tungeandikwa mia na mtaa ungebaki, ila hesabu ikishafungwa nyundo yangu ingekwenda. Kamba yenye mafundo mia ilikuwa bado mkononi mwangu. Nikaanza kuyahesabu upya. Ndege akageuza shingo, akamtazama Mama Birika, akalia mara moja.

KARANI: Mama, wewe unamjua aliyelitengeneza?

MAMA BIRIKA: Waulize wenye chama. Mimi kwangu hapana mtu.

Akalichukua birika mikononi mwa karani, akaimwaga kahawa yote iliyobaki juu ya makaa, akaenda zake. Karani alisubiri mpaka moshi ukaisha. Kisha akafunga daftari bila kuandika kitu.