Kofia ya Wakili Mwinyihaji

Wasikilizaji wapendwa, anayewasemesha ndiye aliyemfundisha marehemu Wakili Mwinyihaji kuzungumza redioni. Ndiyo, mimi. Lile neno lake mlilolizoea, "Sasa nimevua kofia," nilimpa mimi. Tulieni niwahadithie.

Wakili Mwinyihaji wa Mtongwe ametutoka Jumatatu. Alikuwa wakili kwenye mahakama ya Liwali, lakini watu wa Likoni, Changamwe na Kisauni walimjua zaidi barazani, akifafanua sheria na siasa hata muuza samaki akasahau samaki wake. Alikuwa na desturi moja. Akieleza sheria, kofia i kichwani. Akitoa maoni yake, huivua akaiweka gotini. Kofia kichwani, sheria. Kofia gotini, Mwinyihaji. Kila mtu alijua.

Mwaka wa arubaini na saba akaalikwa hapa redioni. Alieleza sheria ya mashamba, kisha akavua kofia kama kawaida yake, akasema aliyepanda minazi hafukuzwi shambani. Yalikuwa maoni yake tu. Lakini redio haina macho, wapendwa, ndiyo maana hata uzuri wangu mnaukosa.

Kule Utange, Bi Nyamvula na mumewe Baya walikuwa wameshaambiwa na mwenye ardhi wahame. Wakaisikia redio ya dukani, wakafungua mizigo. Baya akamwambia mwenye ardhi kwamba sheria imesema. Wakashtakiwa. Sasa nyumba i hatarini, na minazi waliyoipanda kwa mikono yao.

Wenzake walimsihi Wakili anyamaze, asije akapoteza ruhusa ya uwakili. Hakunyamaza. Alisimama mbele ya Liwali akavua kofia.

"Baya hakusema uongo," alisema. "Alinisikia mimi, akadhani ni sheria. Kosa ni langu."

Kisha akaivaa, akaeleza sheria yenyewe: ardhi ina mwenyewe, na minazi ina mwenyewe. Nyumba ilivunjwa, hilo halikuzuilika. Minazi ikabaki ya Nyamvula, na mpaka leo anaangua nazi zake. Wakili akafungiwa mahakama mwaka mzima. Mwaka mzima, wapendwa, bila kesi hata moja. Mjane wake, Bi Mwanatabu, niliyeketi naye hapa, ameniambia, "Tulikula muhogo mkavu, lakini mume wangu alilala usingizi."

Aliporudi redioni ndipo nikampa lile neno, ili msioiona kofia mjue.

Bi Mwanatabu na jamaa wote wa Mtongwe, poleni sana. Mungu amrehemu. Nasi tuliobaki, kila mmoja ajiulize: hili ninalolisema kwa kifua mbele, nalijua, au nalidhani tu?

Naona Bi Mwanatabu ananigusa mkono. Karibu, Mama.

"Ahsante kwa pole, mwanangu. Neno lile alipewa na Nyamvula, mlangoni kwangu, nami nimesimama hapo. Alimwambia, 'Wakili, sisi wa Utange hatukioni kichwa chako.' Ulipokuja kuandikwa kazi hapa, mume wangu alikuwa keshalisema mwaka mzima. Sasa yale yako ya mwanzo, uliyasema na kofia, au umevua?"

Wasikilizaji wapendwa, nimevua.