Usiwe Mgeni kwa Bibi Birke: Risala ya Wakazi wa Darche

(Imesomwa na katibu wa kijiji, Mwalimu Degif Zergaw, siku ya mwisho ya sikukuu ya Meskel)

Mgeni rasmi, Profesa Tsige Argaw, mkuu wa Idara ya Lugha za Kisemiti, wazee wetu, nanyi ndugu mliotoka Addis kula sikukuu na kesho mnarudi zenu:

Karibu

Tumekusubiri miaka arobaini na minne. Kitfo ya nyama ipo, mkate wetu wa kocho upo, na siagi imeshayeyushwa. Utuwie radhi mapema, kwani risala hii itaishia kukuomba usile.

Tulikotoka

Mwalimu wako, marehemu, alifika hapa mwaka huo, na kinasa sauti, akakaa wiki tatu kwa Mzee Zeberga. Alitaka kusikia Kidarche. Hakukisikia hata siku moja. Kwa desturi yetu, lugha ya nyumbani ni ya kukwangulia enseti, mgomba wetu unaoliwa shina, na kugombeza watoto. Mgeni wa heshima huzungumzishwa Kichaha, lugha ya majirani, kama anavyopewa kigoda kizuri. Bibi Birke, wakati huo bi harusi katika nyumba hiyo, alimuuliza mama mkwe wake, "Mama, mbona kaja kutafuta maneno yetu na sisi tunamficha?"

"Nyamaza wewe! Ale siagi yangu halafu asikie maneno ya jikoni? Unataka tuonekane hatukulelewa?"

Basi mtaalamu akaandika alichosikia: watu wa Darche husema Kichaha, bila tofauti ya kutajwa. Hatumlaumu. Tulimdanganya sisi, kwa adabu, tena tukamsindikiza hadi mtoni.

Mafanikio

Tumeyatafuta. Tuna daftari moja lenye maneno mia mbili na kumi na mawili, na karibu nusu yake ni majina ya sehemu za mmea wa enseti. Hatuna hata namna ya kusema "kesho".

Changamoto

Kila tulipoomba kitabu cha shule au mtaalamu mwingine, tulifunguliwa ukurasa uleule wa mwalimu wako: hamna tofauti ya kutajwa. Tukazoea. Watoto wetu wakakua na Kiamhari, na sisi tukajisifu kwamba wamesoma.

Msimu wa mvua uliopita alifariki Bibi Wolansa. Yeye na mdogo wake, Bibi Birke, ndio waliobaki wakijibizana Kidarche. Sasa Bibi Birke huzungumza na ng'ombe wake tu. Mimi mwenyewe nilijibanza nyuma ya ukuta na simu yangu, nimrekodi. Akaniona. Akamwacha ng'ombe, akanikaribisha kahawa kwa Kichaha safi, nami mjukuu wa dada yake! Niliinywa kahawa ile huku nalia, wala sioni haya kusema.

Maombi

Profesa, tunajua si kawaida kumwomba mgeni rasmi mambo haya. Bibi Birke hayupo hapa uwanjani. Yuko kwake, amevaa shuka jeupe, anakungoja. Jana alituuliza, "Huyo anayekuja ni mkubwa?" Tukajibu, kwa upumbavu wetu, "Mkubwa sana, Bibi." Akasema, "Basi nitazungumza naye vizuri." Tukajua tumerudia kosa lilelile.

Kwa hiyo tunakuomba uvue koti hilo. Kigoda ukikatae. Siagi usiionje. Pita moja kwa moja uani, wanawake wanakokwangua enseti, uchukue ubao na ukwangue vibaya. Kwangua vibaya sana, umwage na utomvu. Bibi Birke hajawahi kuvumilia enseti ikiharibiwa mbele yake. Huenda akasahau wewe ni nani, akakukaripia kama mtoto wa jikoni kwake.

Akikukaripia, Profesa, usijitetee. Washa kinasa sauti, uendelee kuharibu.

Utauliza kwa nini hatukufanya hivyo sisi wenyewe. Tulifanya. Tumeharibu enseti ya kijiji kizima. Alitukaripia vilivyo, lakini kwa Kiamhari, ili tumwelewe. Wewe hajui unaelewa lugha gani; huenda hasira ikamtoka kabla hajachagua.

Mungu akulinde njiani, ailinde nyumba yako, na leo, kabla jua halijazama, akujalie utukanwe.

Ni sisi tuliokuwa na adabu kupita kiasi,
Wakazi wa Darche.