Kocha Aliyetufundisha Kuzomea

Baada ya miaka thelathini na moja ya kupuliza filimbi hapa chuoni, Kocha wetu wa mpira wa kikapu anastaafu tarehe thelathini mwezi huu. Wanafunzi humwita Mzee Rudia, maana hilo ndilo neno lake la asubuhi na jioni. Imeonekana hotuba ya kumuaga aandike mtu wa jikoni, kwa kuwa Kocha alikaa kwetu zaidi kuliko ofisini kwake. Basi nimeandika mimi, mpishi. Shule yangu ni fupi, mnivumilie.

Kocha alipewa timu kwa sababu ya urefu. Mkuu wa chuo wa wakati ule alimwona akibadilisha balbu ya ukumbini bila ngazi, akamkabidhi filimbi papo hapo. Mpira wenyewe alikuwa hajawahi kuudundisha. Mwaka ule tulifungwa na kila aliyekuja. Timu moja ilileta wachezaji wanne, wa tano akitapika garini, na bado wakatufunga.

Hakukata tamaa. Alijifunzia mezani kwangu. Vikombe vikawa washambuliaji, kopo la chumvi likawa mlinzi. Ukinyoosha mkono unafokewa, "Wee, mlinzi huyo haondoki!" Wahadhiri wamekula mayai yasiyo na chumvi mpaka shambulizi liishe. Lakini makombe yakaanza kuja, hadi kabati la mlangoni likagoma kufunga.

Ugonjwa mmoja tu ulimshinda: ile mitupo huru, mchezaji anaposimama peke yake na watu wanamzomea. Wasichana wetu walikuwa wanayeyuka. Aliyeyeyuka zaidi ni binti yangu mwenyewe. Siku moja alikosa yote miwili ugenini, akarudi akavua jezi, akasema basi. Na si mpira tu. Hata darasani akaacha kunyanyua mkono, akitajwa jina analia. Nikaona mwanangu ananipotea hivi hivi, na mimi mama ni mtu wa wasiwasi, nikimwona mtu anapiga chafya nawaza jeneza.

Kocha akaja jikoni, akatuomba sote twende ukumbini na mifuniko ya sufuria tukawazomee wasichana mazoezini. Masharti yake mawili: usimtukane mtu mzazi, usimcheke mtu umbo. Wenzangu walifurahi kama wamepandishwa mshahara. Mimi nikakataa. Nimzomee mwanangu, niliyemzaa kwa taabu?

Kocha akaniambia, "Mama, huyu atazomewa na wasiompenda. Si bora aanze na anayempenda?"

Nikaenda, na binti nikamkokota arudi uwanjani. Nikagonga mfuniko tu. Halafu sauti ikatoka yenyewe, "Kitanda umetandika wewe?" Ukumbi mzima ukaanguka kicheko. Binti akakosa. Kocha akasema, "Rudia." Nikampa nyingine, "Na soksi zile chini ya kiti zinasubiri nani?" Akakosa tena, lakini safari hii anacheka. Alhamisi zote za muhula zikapita hivyo, mpaka soksi zikaisha nguvu, mpira ukawa unaingia.

Fainali ilikuja tukiwa nyuma kwa pointi moja, sekunde za mwisho, na mitupo miwili ni ya binti yangu. Wenyeji wakapiga mluzi, wakagonga viti. Mtoto akaudundisha mpira, hatupi. Kocha, ambaye dakika za mwisho huwa haangalii, hufunga kamba za viatu, akainua kichwa akanitazama tu. Nikasimama juu ya kiti nikapasua koo, "Umeacha taa ya chooni inawaka!" Mashabiki wetu wakanishika wanitoe nje, wakidhani nimenunuliwa. Mtoto akacheka, mabega yakashuka. Ukaingia wa kwanza. Ukaingia wa pili. Kocha akabaki na kiatu kimoja mkononi.

Kocha, makombe tutayafuta vumbi sisi. Tunakushukuru kwa watoto uliotuwezesha kuwaona wamesimama. Nenda ukapumzike, magoti yawe mazima, usingizi uwe mtamu, na mkeo akuachie walau vikombe viwili vya kuchezea. Jioni kuna baridi, vaa sweta.

Karatasi hii mimi siwezi kuisoma mbele ya ukumbi, wasiwasi wangu mnaujua. Ataisoma binti yangu. Mlioketi nyuma, zomeeni mnavyotaka.