Ngazi Tano za Stesheni

Ndugu waombolezaji, mimi ni mdogo wake marehemu, na familia imenituma niwasomee maisha ya kaka yetu, ambaye mji mzima ulimwita Mzee Filamu.

Alizaliwa tarehe 9 Machi 1949 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa pili wa fundi wa taa za stesheni, akasoma hapa hapa mjini kuanzia 1956 hadi 1967, na tarehe 2 Januari 1968 akaajiriwa karani wa tiketi, kazi aliyoifanya miaka ishirini na mitano bila kuchelewa hata siku moja, jambo alilotutambia mpaka tukachoka. Mwaka 1974 alifunga ndoa na shemeji yetu, fundi cherehani, wakajaliwa binti mmoja, ambaye leo ana nyumba ya wageni mkabala na stesheni.

Mwaka 1961 watengeneza filamu walikaa kwetu siku kumi na moja, na filamu yao ilipovuma, sote tukaamini kwamba bibi harusi wa viatu vyeupe anayeonekana ndani yake anateremka ngazi za stesheni yetu, na kaka ndiye aliyekusanya picha na masimulizi, akachapisha kijitabu mwaka 1983, wageni wakaanza kumiminika.

Yanayofuata aliniachia ameyaandika mwenyewe. Tarehe 14 Juni 1991, akiitazama filamu ile kwa mara ya mia na ushee, alihesabu hatua za vile viatu, zikawa saba, na ngazi zetu zilikuwa tano. Tukamwambia mbili zimefukiwa, naye Jumapili akashika jembe akachimba mpaka kiunoni, akakuta udongo mtupu, akawaandikia wenye filamu, na seremala wao akamjibu kwamba harusi ilipigwa picha stesheni nyingine kabisa, kwetu walipiga picha ya treni ikipita tu, na kipande hicho kikakatwa. Akaipeleka barua kwa mwenyekiti wa halmashauri wa wakati ule, ambaye aliisoma, akaikunja, akamwambia asiwe na wasiwasi, na kabla mwezi haujaisha mafundi wakaja kuongeza ngazi mbili za saruji.

Jamani! Kuanzia 1993, alipotoka reli na kuajiriwa na halmashauri kutembeza wageni, kaka alisimama juu ya ngazi zile miaka thelathini, akieleza kwa kinywa chake jambo alilojua si kweli. Alitaka kusema, shemeji akamsihi aionee huruma riziki ya binti, mimi nikamwambia aache kujitafutia balaa uzeeni, akanyamaza, akawa anarudi jioni na kupita sebuleni bila kumsalimia mtu.

Aliugua figo Februari 2023, akalazwa tarehe 3 Mei, akafariki tarehe 21 Mei saa nne asubuhi. Halmashauri imetuomba tuiruke habari ya ngazi, tumebishana siku mbili nzima, na binti yake, huyo huyo mwenye nyumba ya wageni, ndiye aliyesema isomwe yote.

Tunawashukuru madaktari, majirani waliopika na kulala nasi, wenzake wa reli waliobeba jeneza, na zaidi wauguzi wa wodi ya wanaume, waliotuambia jana kwamba kila asubuhi aliwasimulia habari hii, nao wakamsikiliza mpaka mwisho, jambo ambalo sisi wa damu yake hatukumfanyia hata mara moja.

Sasa pumzika, kaka, kwa amani yote.